Basi Linakuja Lini, Bi Tunnard?

Mara ya kwanza kusema na Ivy Tunnard, nilikuwa nimekwenda kumnyang'anya mahali pake, ila kwa adabu. Alikuwa akiuza vifungo, zipu na nyuzi kwenye kona ya Msalaba wa Siagi, ule mnara wa kale wa mawe uwanjani, pale kituo cha basi kilipokuwa, na katika uwanja wote wa soko la Askerby hapakuwa na mahali palipopitiwa na watu kama pale. Mimi na jibini langu tulikuwa tumebanwa kwenye ukuta wa benki, kwenye upepo wa kukata mfupa, wateja wakipita wameinamisha vichwa.

"Tubadilishane, Bi Tunnard. Nakuongezea pauni hamsini."

"Hamsini za nini, mwanangu?"

"Za usumbufu."

"Usumbufu ni wewe. Nenda zako, jibini lako linanuka mpaka huku."

Foleni ya basi ikacheka. Nikarudi ukutani.

Sheria yetu sokoni ni hii: kengele ya kanisa ikigonga saa mbili asubuhi na meza yako haipo, Garside msimamizi anampa mwingine nafasi. Kila Alhamisi, siku yetu ya soko, nilimvizia achelewe. Theluji ilianguka, mafua yalimshika, mumewe alifariki, naye hakuchelewa. Mazishi yalikuwa Ijumaa. "Cyril alijua kuchagua siku," akasema.

Kabla sijataja bei ya pili nilitaka kujua mwenzangu anataka nini, kwa hiyo nikamchunguza. Hakuwa akiuza chochote cha maana. Zipu moja, vifungo viwili vya koti, na jioni meza yake ilikuwa vilevile. Lakini watu wa foleni hawakuacha kumuuliza maswali.

"Bi Ivy, basi la Saxworth limepita?"

"Bado, mpenzi. Leo anaendesha yule mwembamba, amesimama mahali kununua pai. Goti lako je?"

Ukimuuliza basi, alikujibu basi, halafu goti, halafu mjukuu. Ujanani alishona sare kiwandani, mpaka kiwanda kikafungwa wakampa magunia ya vifungo badala ya kiinua mgongo. Hakujaliwa mtoto. Cyril naye alikuwa mtu wa maneno matatu kwa siku, na alipokufa hata hayo matatu akaondoka nayo. Kuanzia Ijumaa hadi Jumatano, kule kwake Mtaa wa Kinu, hapakuwa na mtu wa kumuuliza kitu. Mtu wa namna hiyo humnunui kwa pauni hamsini. Nikaacha kujaribu.

Halafu Februari moja akaja mwenyewe ukutani kwangu.

"Bado unaitaka kona yangu, Rudkin?"

"Kwa hamsini ileile?"

"Kaa na hamsini yako. Nipe ukuta wako, na kipande cha jibini kila Alhamisi."

Nikampa mkono upesi kabla hajageuza moyo, na Garside akatushuhudia. Haukupita mwezi, wafanyakazi wa halmashauri wakaja, wakang'oa kituo cha basi pale Msalabani na kukisimika mbele ya ukuta wa benki. Dereva mwembamba alikuwa amemnong'oneza. Nilikuwa nimeuziwa mbuzi kwenye gunia na bibi wa vifungo.

"Ulijua!" nikampigia kelele ng'ambo ya uwanja.

"Tena vizuri!" akaitikia. "Usisahau jibini langu!"

Soko zima likacheka, na yeye kuliko wote.

Lakini kituo kipya kilikuja na ubao wa taa wa kuonyesha basi litafika lini. Saxworth, dakika nne. Hospitali, dakika kumi. Watu walisimama wamempa mgongo, nyuso juu, kama kuku wanaongoja kumwagiwa nafaka. Nilimwona akijaribu.

"La Saxworth litachelewa leo!"

Mwanamke mmoja akamtazama, akautazama ubao, akasogea kando kidogo.

Majira ya machipuko yalipofika nikampelekea kipande chake kama kawaida. Akakipokea bila utani.

"Tubadilishane tena, Rudkin."

"Bi Ivy, watu wote wako hapa. Kule Msalabani siku hizi hapiti hata mbwa."

"Najua. Kule hawataniuliza kwa sababu hawapo. Hapa wapo, na hawaniulizi."

Kwangu ilikuwa biashara nzuri. Nikampa mkono.

Novemba, Alhamisi ya mvua, ubao ukazimika. Foleni ilikuwa ndefu hadi mlango wa benki. Bwana mmoja mwenye mwavuli akanigeukia.

"Hivi la Saxworth limeshapita?"

"Mimi sijui. Muulizeni Bi Tunnard, yule pale Msalabani. Hilo ndilo analolijua."

Wakageuka wote kutazama. Ng'ambo ya mawe yaliyoloa, Bi Tunnard alikuwa ameshaona kabla yetu kwamba ubao umezimika. Alikuwa amesimama, mikono yote miwili kwenye ukingo wa meza, anatutazama. Akapaza sauti kusema kitu. Mvua ikakimeza.

"Mbali," akasema yule bwana, akainua kola yake.

Hakuna aliyevuka. Kusubiri kulipowachosha wakanigeukia mimi na kununua jibini ili wapitishe muda, huyu kipande, yule kipande, na kabla ya saa sita jibini lote lilikuwa limekwisha, isipokuwa la Bi Tunnard, nililolifunga kwenye karatasi na kuliweka pembeni. Nilipoinua macho, bado alikuwa amesimama.