Mlinzi wa Lango na Tangi la Kitangari

Harufu ya mabibo yaliyochacha hainiachi. Ikinipata tu, hata sokoni Newala, narudi kwenye banda la video pale Kitangari, msimu wa korosho, ukame umekaza hadi ndoo moja ya maji inazua ugomvi. Siku hiyo jenereta lilinguruma, akatokea kiooni Mjapani mwenye upanga, sinema kongwe isiyo na rangi wala sauti. Mtafsiri wetu, Baba Zuhura, Mmakua wa Masasi, hakujali. Alishika kipaza sauti, akamtungia yule mtu maneno. Lo, mdomo ule! Alitueleza kwamba bwana mkubwa amemwamuru alinde lango, naye ameapa.

Baba yangu alikaa mbele. Ndiye aliyelinda tangi la kijiji na kuita zamu, na Wamakua ni watani wetu, basi Baba Zuhura akaona pa kumchokoza. "Mimi ndiye Baba Somoe!" akamsemea Mjapani, kwa jina la baba yangu. "Hapa hapiti mtu nje ya zamu, hata mkwe wangu!" Tukaangua kicheko, maana mtani hakasirikiwi. Ila sinema haikujua utani. Watu wakamjia yule mlinzi kwa wingi, akafia langoni. Kicheko kikakatika. Baba hakuwa amecheka tangu mwanzo. Niliogopa, nisijue naogopa nini.

Tangu hapo kila aliyekwenda kuchota alimwita baba Mjapani. Mama alimsihi, "Baba Somoe, wakija wengi wafungulie. Tangi si roho yako." Akajibu, "Nimeshasemewa mbele ya watu. Nitarudi nyuma vipi?" Ahadi ni deni, walisema wahenga, ile hakuiahidi yeye, lakini aliilipa yeye. Siku moja wanakijiji walikuja mchana, jua la utosi, ndoo tupu zikigongana. Baba Zuhura alikimbia mbele yao akipiga mizaha, asicheke hata mmoja. Baba akasimama getini. Jiwe lilitoka katikati ya watu. La nani, hatujui hadi leo. Maji ya kumwoshea tuliyachota kwenye tangi lile lile, nje ya zamu. Msibani mtani ndiye wa kuchekesha wafiwa. Baba Zuhura alikuja, akakaa mkekani, hakufungua mdomo.

Leo nina bomba uani, na sinema ile nimeipata kwenye simu, bado haina sauti. Juzi mwanangu aliniuliza yule mtu wa langoni anasema nini. Nikamwambia, "Anasema piteni, chukueni, mimi nakwenda nyumbani kwa wanangu."