Neno Qori Mezani pa Maofisa

Mwanangu, iko jioni moja ya siku za vita vya shifta, Wasomali waasi walipopigana na serikali ya Kenya, ambayo hainitoki kichwani, na kwa kuwa unaanza kazi ya ukalimani mahakamani, bora nikusimulie wewe.

Nilikuwa luteni hapa Garissa, Msomali pekee katika bwalo la maofisa, na nilijiona si haba. Asubuhi ile nilimtafsiria mzee wa Balambala aliyekamatwa kando ya mto. Alisema ameficha qori vichakani. Wajua mwenyewe, kwetu qori ni mti wa kujengea, na qori ni bunduki. Mzee alieleza wazi kwamba bintiye anaolewa na aqal yake, nyumba ya arusi, haina miti. Nilimwelewa vizuri sana. Lakini wenzangu walikuwa wakinitazama waone niko upande gani, nami nikasema, "Bunduki." Siku zile bunduki ilimfikisha mtu kwenye kitanzi.

Jioni tukaketi kwa chakula rasmi, sare zimepigwa pasi, visu na uma vimepangwa (mimi bado nilikuwa nachungulia jirani ameshika kipi). Meja akainuka na glasi yake, akanisifu: kijana wa hapa hapa, mwaminifu kwa bendera. Mzee angepelekwa Nairobi kesho yake. Wote wakasimama kwa heshima yangu. Nami nikainuka.

"Afande," nikasema, "yule mzee alisema miti. Nilikosea."

Hakuna aliyeketi. Kapteni mmoja mtu mzima, mwenyeji wa Kitui, aliyekuwa kando yangu, akaniuliza polepole, "Ulikosea, au uliogopa?"

"Niliogopa, afande."

Meja akaweka glasi yake mezani. "Keti," akasema. "Asubuhi utatuonyesha hiyo miti. Isipokuwepo, utakwenda naye."

Ilikuwepo, imeambuliwa maganda na kufungwa kwa kamba za ngozi. Mzee akafunguliwa. Akanijia, akaniita kama mtu amwitavyo mtoto wa nduguye: "Adeer, jana ulinisikia?"

"Nilikusikia."

Akapakia miti yake kwenye ngamia, akaenda zake. Hakunishukuru, na alikuwa na haki.

Basi sikiliza. Usitafsiri maneno ya mtu huku ukiangalia nani anakuangalia. Alichosema kiseme hivyo hivyo, hata kama meza nzima itakununia. Ukiteleza, rudi siku ile ile, mwenye neno angali hai. Na kama uliogopa, usiseme ulikosea. Allah aulinde ulimi wako, akupe moyo wa kuubeba, na mtu yeyote asife kwa neno lililopita kwako. Aamiin.