Nimeifunika Filamu Yangu kwa Mkono

Leo nimeifunika filamu yangu mwenyewe kwa mkono, mbele za watu.

Niliipiga peke yangu, sauti nikainasa mwenyewe, nikaihariri mwenyewe. Inamhusu Karisa, mfuga nyuki wa Dabaso, aliyefariki kabla sijaimaliza.

Leo nimeionyesha kwao Dabaso, katika ukumbi wa kijiji, kwa mara ya kwanza, jamani. Karisa alipotokea tu ukutani, mjane wake, Mama Kadzo, akasimama.

"Mwanangu, zima."

"Nimekosea wapi, mama?"

"Hujakosea. Umemtoa vile vile alivyokuwa. Siwezi kumtazama."

Nikanyoosha mkono kuzima mashine. Akaniwahi.

"Picha tu. Sauti niachie."

Basi nikaiziba taa ya projekta kwa kiganja. Ukumbi mzima tukakaa gizani, tukimsikiliza marehemu akiwasemesha nyuki wake.

Mama Kadzo alikuwa akimwitikia.