Mawimbi Juu ya Ndege

Juzi, kwenye duka la vitu vya kale sokoni Nizwa, niliona bahasha yenye kingo nyekundu na buluu, nikasikia harufu ya ubani ambao haukuwapo.

Wakati huo nilikuwa mtoto mdogo; Baba alikuwa amekwenda Tabora kumtazama shangazi mgonjwa, na sisi tuliobaki ng'ambo ya bahari, mjini Ibra, tukawa tunangoja habari. Alasiri moja barua ikafika. Bibi aliipitisha kwanza juu ya chetezo, maana kwake yeye kitu kilichotoka safari hakiingii ndani bila kufukizwa. Katika ule moshi nikaiona stempu yenye picha ya ndege, na juu ya ndege mistari myeusi ya mawimbi. Nikaangua kilio.

“Bibi, ndege ya Baba imezama!”

Sikujua kuwa ule ni mhuri wa posta tu, unaopigwa ili stempu isitumike tena. Bibi hakunicheka. Alinitia bahasha mkononi, bado ina moto wa chetezo.

“Shika, mwanangu. Imelowa?”

Niliipapasa pande zote mbili.

“La, Bibi. Kavu.”

“Basi na babako mkavu. Haya, futa kamasi tuisome.”