Mfalme wa Mbele

Chekeni tu, nimezoea. Mwaka wa hamsini na sita, kanisa letu pale Dagoretti Corner lilitunga igizo la ufalme usiokuwepo, Bumbwe, ili wafalme wake wote, tangu wa kwanza hadi atakayetawala mwisho wa dunia, wapite uwanjani mmoja mmoja. Mimi, fundi cherehani wa Westlands, nilijishonea joho la mapazia ya mteja, maana mgeni rasmi alikuwa Mzee Shiundu, baba wa msichana niliyekuwa nikimposa.

Mwalimu wa kwaya akaniambia, "Wewe ni mfalme wa mbele." Alimaanisha wa miaka ijayo, atakayefunga igizo. Mimi huyo, mbele! Pale langoni, kichwani mwa mstari, nikamkuta mfalme wa kale, ndevu za pamba.

"Mzee, wewe ni wa nyuma. Rudi nyuma!"

Akarudi, maskini.

Nikaingia uwanjani nikinguruma maneno niliyokariri wiki nzima: "Ufalme umekwisha! Kila mtu arudi kwake!"

Watu wakapiga makofi, wakabeba vigoda vyao, wakaenda. Wafalme wengine wote walikuwa bado langoni.

Mzee Shiundu akanitazama. "Kijana, hata harusi utaanza na kwaheri?"