Puto la Utumbo wa Ng'ombe

Harufu ya utumbo unaochemka haina adabu. Haisubiri kukaribishwa. Jumamosi iliyopita ilitoka jikoni kwangu hapa Rexdale, huku ughaibuni, ghorofa ya kumi na moja, ikapita chini ya mlango, ikatembea hadi kwenye lifti, na huko ikamkuta mjukuu wangu Neema akipanda na rafiki zake wawili. Aliingia ndani amebana pua kwa mkono wa koti. Yeye husema Kiingereza chake, mimi humjibu kwa Kiswahili changu, ndivyo tunavyoishi. Akasema, Bibi, jengo zima linajua ni sisi. Nikamwambia, wajue.

Hapo hapo ndege ikashuka kuelekea uwanjani, chini kabisa kama kawaida ya hapa kwetu, mpaka vikombe vikagongana kabatini. Nikapunguza moto, nikakaa kitini. Utumbo na ndege vimenijia kwa pamoja, nikaona lazima nikae.

Nilizaliwa Iringa, Tanganyika ilipokuwa haijapata uhuru, na mama yangu alikuwa mwosha matumbo. Kila asubuhi wachinjaji walipomaliza kazi, yeye na wanawake wengine saba walishuka mtoni na makarai kichwani, wakageuza, wakakwangua, wakasuuza. Mama alikuwa na kidole gumba ambacho sijaona mfano wake. Kuna utumbo mmoja mnene, umezibwa upande mmoja kama soksi. Sisi tuliuita mfuko, na kila ng'ombe anao mmoja tu. Mama aliingiza gumba penye mafuta, akavuta taratibu, na ngozi ya juu, nyembamba kuliko gamba la kitunguu, ikatoka nzima bila tundu. Kisha akawatupia mwewe. Haikuwa na kazi.

Nilimsaidia kabla ya kwenda shule, na kwa hiyo nilinuka. Darasa la nne sikukaa kwenye dawati. Nilikaa kizingitini kwa amri ya Mwalimu Mgaya, kibao cha kuandikia magotini, nusu ndani nusu nje. Wavulana wakiniona njiani walisema, "Twilumba, nzi wako wameshafika, wewe umechelewa wapi?" Sikulia. Nilitaka kitu kimoja tu, kukaa kwenye dawati kama watoto wengine.

Pale mtoni alikuwa akija mzungu mmoja mzee, mjane wa bwana mifugo. Tulimwita Bi Elsi. Alikuja kuchukua matumbo ya kuwalisha mbwa wake, na Kiswahili chake kilikuwa kimekatwakatwa kama nyanya. Siku moja alimkuta Mama anavuta ile ngozi ya mfuko. Akachuchumaa na gauni lake kwenye tope, akaichukua, akaiinua penye mwanga, akainusa. Wanawake wote waliacha kazi kumwangalia mzungu anayenusa utumbo.

"Hii mimi jua," alisema. "Mimi msichana, kazi yangu hii."

"Wewe?" Mama akauliza. "Uliosha matumbo?"

"Hapana osha. Tengeneza puto. Puto ya jeshi."

Mama Kulwa, jirani yetu, alinong'ona kwamba jua limempata kichwani. Lakini Bi Elsi alirudi kesho yake, na kesho kutwa, na polepole akatueleza. Kwao Uingereza, kabla ndege hazijajulikana, jeshi lilikuwa na maputo makubwa kama nyumba. Askari alikaa ndani ya kikapu, puto likampandisha huku limefungwa kwa kamba ndefu, akatazama adui amejificha nyuma ya kilima gani. Walikwenda nayo mpaka Sudani, mpaka Afrika Kusini kupigana na Makaburu, gesi yake imebanwa kwenye mitungi ya chuma juu ya mikokoteni ya ng'ombe. Vitambaa walijaribu, vikavujisha. Kilichoizuia gesi ni utumbo. Puto moja lilikula ngozi za mifuko ya ng'ombe maelfu, nazo zilifika zimepangwa kwenye mapipa ya chumvi, na wasichana wadogo waliziunganisha bila sindano wala uzi. Ngozi mbili mbichi ukizilaza moja juu ya nyingine, zikikauka zimeoana, huzitenganishi tena. Siku za upepo mkali puto halikufaa, basi askari aliinuliwa kwa tiara, yaani kishada kikubwa. Baadaye mafundi walewale wa maputo wakaanza kufunga injini kwenye mbao na turubai, na Bi Elsi akahamishiwa kushona mabawa.

"Ndege yote," alisema, akionyesha karai la Mama, "mama yake hii."

Maneno hayo ndiyo yaliyoniponza. Wiki ile Mwalimu Mgaya alitufundisha habari za ndege, akasema watu walianza na maputo ya hariri. Nikanyoosha mkono kutoka kizingitini kwangu. Nikasema jeshi la Waingereza lilitumia matumbo ya ng'ombe. Darasa lilicheka mpaka mmoja akaanguka kutoka kwenye dawati. Mwalimu hakucheka. Aliona namkejeli.

"Vizuri," akasema. "Siku ya wazazi utatuletea puto lako la matumbo. Likiruka, utakaa dawati la mbele. Lisiporuka, kizingiti hicho ni chako mpaka umalize shule."

Nilimwambia Mama jioni nikitegemea kofi. Aliendelea kupepeta mchele, kisha akauliza, "Zimebaki siku ngapi?"

Zilikuwa kumi na mbili.

Sasa sikilizeni. Bi Elsi alijua kuunganisha, lakini hakuwahi kuvuta ngozi yenyewe. Huko kwao zilikuja tayari. Alijaribu, akachana tatu mfululizo, akatukana kwa lugha yake. Mama alijua kuvuta, lakini kuunganisha hakujua kabisa. Ikawa kila mmoja ana nusu ya kazi. Mama alivuta, ngozi tukazitia kwenye maji ya chumvi, na zilipofika ishirini na nne tukapindua vyungu viwili vikubwa vya pombe, chetu na cha Mama Kulwa, tukavipaka mafuta, na Bi Elsi akazilaza juu yake moja moja, akizilainisha kwa kiganja kama anayempaka mtoto mafuta. Alitengeneza nusu mbili, kila moja kama bakuli. "Kivulini," alituambia. "Hapana jua."

Mimi nilikuwa mtoto wa machinjioni. Ngozi, kwetu, hukaushwa juani, imewambwa kwa vijiti. Nikaona wazee hawa wanachelewesha mambo. Walipokwenda nilitoa vile vyungu nje, chetu na cha Mama Kulwa, nikaviacha juani. Adhuhuri niliporudi, nusu zote mbili zilikuwa zimepasuka kama ukoko.

Mama hakunipiga. Ingekuwa afadhali angenipiga. Alikaa chini akaviangalia vile vipande. Siku zilizobaki zilikuwa nne, na karai lake kwa siku lilipata mifuko mitatu. Hesabu hiyo hata mtoto wa kizingitini aliiweza.

Alfajiri alishuka mtoni nami nyuma yake. Akasimama mbele ya wenzake saba. Mama hakuwa mtu wa kuomba. Akasema, "Jamani, mifuko yenu msiwatupie mwewe. Mtoto wangu anakaa mlangoni."

Basi. Mama Kulwa alimtazama, akasema, "Na wangu walikaa wapi? Nionyeshe hilo gumba linavyofanya." Siku ile wanawake wanane walivuta ngozi mtoni, wakichana, wakichekana, wakianza upya. Siku ya pili tulikuwa nazo za kutosha na za kuzidi. Bi Elsi alizilaza tena, na safari hii zilikauka chini ya kitanda cha Mama, mlango umefungwa, na mimi nimekatazwa hata kukohoa humo. Akaunganisha nusu mbili kwa ukanda mbichi. Puto lilitoka la rangi ya asali, kubwa kuliko beseni la kufulia, jepesi mpaka unapumua linasogea.

Siku ya wazazi Bi Elsi alikuja na chupa kubwa, asidi ya betri na vipande vya zinki kutoka gereji ya marehemu mumewe. Alikaa nyuma ya choo cha shule na buti zake za mvua akitengeneza gesi, na hakutaka mtu asogee. Mwalimu Mkuu alisogea, sigara mdomoni, kuuliza kuna nini. Bi Elsi aliinyakua ile sigara akaikanyaga. "Wewe taka kufa na shule yako?" Wazazi waliona. Hakuna aliyecheka mpaka Mwalimu Mkuu alipoondoka, kisha wote wakacheka.

Saa nne puto lilitoka nyuma ya choo. Lilikuwa halishikiki. Bi Elsi alilegeza uzi, likapanda. Lilipita mlingoti wa bendera, likapita paa la kanisa, jua likaingia ndani yake likang'aa mpaka ukaona kila kipande kilipoungana na kingine. Wanawake wa mtoni walipiga vigelegele. Wale wavulana wa nzi walikuwa midomo wazi. Mwalimu Mgaya alivua kofia, sijui kwa nini, labda kuona vizuri.

Nilitaka kushika uzi. Lilikuwa puto langu, kizingiti kilikuwa changu. Mwalimu Mkuu naye alinyoosha mkono. Bi Elsi akausogeza uzi mbali nasi sote.

"Bado," alisema. "Mimi bado tazama."

Alitazama mpaka wazazi wakaanza kukaa chini. Machozi yalimtoka, nikadhani ni jua. Mwishowe alimpa Mama uzi, akamwambia, "Wewe sema." Mama, ambaye hakuna mtu aliyewahi kumwomba ruhusa ya jambo lolote, aliushika kidogo, akatazama juu, akaachia.

Jumatatu nilikaa dawati la mbele. Shule yangu iliishia mwaka ule, darasa la nne, lakini niliimaliza nimekaa pale. Na mtoni hakuna tena aliyewatupia mwewe mfuko bila kwanza kuuinua penye mwanga.

Nimeshaolewa ndipo Mama aliponiambia aliyoyasikia kwa Bi Elsi. Kibanda walimofanyia kazi wale wasichana kule Uingereza kilifungwa kwa ufunguo, na madirisha yalipakwa chokaa ili siri isitoke. Puto likikamilika lilipitishwa mlango mwingine. Alifanya kazi hiyo miaka miwili, mikono ikanuka hata kanisani watu wakasogea, na hakuwahi kuona hata moja likipanda. Lile letu ndilo lilikuwa la kwanza.

Neema alikula mabakuli mawili. Nilipomaliza kumsimulia alikwenda dirishani, akangoja ndege nyingine ipite, na aliiangalia mpaka ikapotea nyuma ya majengo. Sikumwita aoshe vyombo. Bi Elsi nilimkasirikia siku ile kwa kung'ang'ania uzi. Leo ningemwachia mpaka jua lizame.