Nukta Nyekundu za Mwanaisha

Mwanaisha Shekiondo alikuwa na mkono mzito. Nasema hivyo kwa sababu uliwahi kutua shavuni mwangu, mwaka 1971, siku ya pili tu baada ya mimi kuajiriwa utarishi katika ofisi ya kata yetu, huku juu ya Soni. Kosa langu? Nilimuuliza mbele ya wageni kwa nini karatasi zake zimejaa mavi ya nzi. Wageni wakacheka, nami nikacheka, kisha nikaona nyota. Nilikuwa mtu mzima, nina mke na ndevu.

"Kaka Danieli," akaniambia, akipangusa kiganja kwenye khanga, "hayo si mavi ya nzi. Hapo hapana kitu. Nimeonyesha tu kwamba hapana kitu."

Yeye ndiye aliyekuwa mpiga taipu wetu. Wapiga taipu wengine wakiruka nafasi kati ya neno na neno, karatasi hubaki nyeupe pale. Mwanaisha hakuacha weupe. Kati ya maneno aliweka nukta, tena aliizungusha roli kidogo ili nukta ikae juu, isidhaniwe kuwa ni mwisho wa sentensi. Mwanzo wa aya, pale wenzake wanaporuka hatua tano, yeye alipiga vistari vitano. Mstari ukiisha kabla ya ukingo, aliujaza nukta hadi ukingoni. Na mstari mtupu kabisa aliupa nukta na kistari, nukta na kistari, mpaka mwisho.

Yote hayo aliyapiga kwa rangi nyekundu. Utepe wa mashine ulikuwa na rangi mbili, nyeusi juu na nyekundu chini, na kijiti cha kubadilishia. Maneno meusi, utupu mwekundu. Alikuwa na ngazi zake pia: barua ya rambirambi aliiacha nyeupe, taarifa ya kikao aliijaza mwisho wa mistari tu, lakini orodha za watu, hati za mashamba na maelezo ya kesi alizijaza kila tundu. Hakuna aliyemfundisha. Chuoni Tanga, alikojifunzia taipu, walimkemea kwa hilo mpaka wakachoka.

Kilichomfundisha ni mgongo wa baba yake. Enzi za mkoloni, watu wa Usambara walipolazimishwa kulima matuta milimani, mzee Shekiondo alitia dole gumba kwenye karatasi iliyosema hakulima matuta kwa sababu goti lake bovu. Kati ya mstari wa mwisho na dole gumba palibaki weupe wa vidole vitatu. Karatasi ilipofika barazani ilikuwa na mistari miwili ya ziada: kwamba amewachochea watu wavunje matuta, na kwamba amemtolea askari panga. Akachapwa viboko kumi na viwili hadharani, wanawe wakitazama, kisha akapelekwa gerezani. Alirudi anakojoa damu. Alikufa miezi mitano kabla ya bendera ya Uhuru kupanda, kichwa chake kikiwa mapajani mwa Mwanaisha, binti wa miaka kumi na minne. Sasa wewe mwambie mtu huyo kwamba weupe wa karatasi si kitu.

Mwaka 1974 ikaja Operesheni. Watu wa kilima cha Kwemzinga waliambiwa washuke wajenge kijiji kipya kando ya barabara. Wengi walishuka, wananung'unika. Kumi na mmoja wakagoma, wakasema makaburi ya babu zao hayana miguu. Ikaamuliwa nyumba zao zichomwe.

Katibu wa kata yetu wakati huo aliitwa Salimu, mtu wa maneno matamu na jicho la fisi. Jicho lile lilikuwa juu ya shamba la Bakari, mdogo wake Mwanaisha, tumbo moja. Nyumba ya Bakari ilikuwa ndani ya mpaka wa kijiji kipya, kwa hiyo yeye hakuwa na haja ya kuhama. Lakini alikuwa na shamba bondeni, penye maji mwaka mzima, anavuna kabichi wakati wenzake wanachimba vumbi. Akihesabiwa mkaidi, atapoteza nyumba na shamba pamoja. Sote ofisini tulilijua hilo.

Asubuhi ya siku yenyewe Salimu alisimama nyuma ya kiti cha Mwanaisha.

"Piga majina kumi na moja, Bi Mwanaisha. Halafu niachie mistari mitatu kabla ya sahihi yangu."

"Mitatu ya nini, Ndugu Katibu?"

"Ya Katibu."

Mwanaisha akapiga majina. Alipofika kwenye mstari wa kumi na mbili akaanza nukta na kistari. Zilitoka nyeusi. Tangu masika utepe wa rangi mbili ulikuwa haupatikani, si Lushoto si Tanga, na wiki hiyo wetu wa mwisho ulikwisha, tukapata mweusi mtupu. Nilimwona anasita, ananitazama.

"Weusi kwa weusi," akanong'ona. "Haya, anayejua kusoma ataona ni nukta."

Salimu alipoona mistari yake inazibwa alimpiga kofi la kisogoni, paji la uso likagonga mashine. Mwanaisha aliinuka na rula ya chuma. Alimpiga nayo mdomoni kwa ukingo, mdomo ukapasuka kama nyanya. Salimu akamkamata nywele, akamgongesha kwenye mashine mara ya pili na ya tatu. Jino likaanguka juu ya meza. Mimi nilikuwa mlangoni nimeshika bahasha zangu. Nilisema, "Jamani, jamani," basi, huo ndio ulikuwa msaada wangu.

Na Mwanaisha, damu inamchuruzika kidevuni, alikaa tena akamaliza mstari wa kumi na nne.

Hapo akaingia bwana mkubwa kutoka wilayani, anataka orodha, gari linangoja. Akatazama damu, akatazama pembeni. Salimu hakuwa na la kufanya. Alitia sahihi huku akinyonya mdomo, akasoma yale majina kumi na moja kwa sauti mbele ya mgambo na mabalozi wa nyumba kumi kumi. Jina la Bakari halikuwamo. Mwanaisha aliniambia, "Nimemfungia nje, kaka Danieli," akatabasamu na pengo lake bichi. Nilimpenda siku hiyo, sitaficha.

Salimu akanikabidhi karatasi nimpelekee kamanda.

Kamanda wa mgambo alikuwa Tobia. Alikuwa na kalamu mbili mfukoni na cheti cha kisomo cha watu wazima ukutani kwake, na hakujua a wala be. Mtahini alikuwa shemeji yake. Kata nzima ilijua, na kata nzima ilijua pia kwamba anayelitaja jambo hilo hurudi nyumbani amebebwa. Kwa orodha za Mwanaisha Tobia alikuwa na ujanja wake: mistari myeusi ni watu, mistari myekundu achana nayo. Miaka mitatu ujanja huo haukumwangusha hata mara moja.

Tulipanda Kwemzinga. Mabalozi walitangulia wakionyesha nyumba, mgambo wakafuata na mienge. Mzee mmoja alijifungia ndani. Walivunja mlango, wakamburuta kwa miguu, na alipokamata kizingiti walimponda vidole kwa rungu mpaka akaachia. Mwanamke alimwagia mgambo uji wa moto, wakamvunja mkono palepale. Kuku walikuwa wanakimbia wanawaka. Nyasi za mapaa zilitoa moshi mweupe uliojaa bonde lote, na kila nyumba iliyoanguka mgambo walishangilia kana kwamba wamefunga goli.

Kufika adhuhuri nyumba kumi na moja zilikuwa majivu. Mabalozi wakaaga, kazi imekwisha. Tulianza kushuka, na tulipoingia kwenye nyumba za mwanzo za kijiji kipya Tobia akasimama. Alitoa karatasi, akaweka kidole kwenye mstari wa kwanza, akaanza kuhesabu kimyakimya. Nilikuwa begani kwake. Nilikiona kidole kinapita majina yote, kikaingia kwenye nukta.

"Zimebaki tatu," akasema.

"Ni kumi na moja, kamanda," nikasema. "Hapo chini ni pa..."

Rungu lilinipata mbavuni kabla sijamaliza. Nilipoinama lilinipata tena mgongoni.

"Unanifundisha kusoma? Mbele ya vijana wangu?"

Ningeweza kupaza sauti kwamba ile mistari ni mitupu. Neno moja. Mgambo wawili waliokuwa pale walikuwa wamemaliza darasa la saba, wangesoma wenyewe. Lakini angeaibika, na mimi ningeuawa, au ndivyo nilivyojidanganya. Nilikaa chini nikashika mbavu zangu.

Tobia hakuweza kuuliza majina yaliyobaki ni ya nani. Kuuliza ni kukiri. Akatazama nyumba tatu zilizo karibu na njia, akazionyesha kwa rungu. Ya kwanza ilikuwa ya mjane Halima. Ya pili ilikuwa ghala la maharage. Ya tatu ilikuwa ya Bakari.

Rehema, mke wa Bakari, alikuwa chumba cha ndani, ana homa ya siku nne. Walipiga kelele mara moja, "Tokeni!", wakarusha mwenge juu ya paa. Bakari, akiwa shambani, aliona nyumba yake inatoa moshi. Alipanda mbio kutoka bondeni, akampita mgambo wa kwanza kwa kumpiga kichwa tumboni, akaingia. Paa lilishuka akiwa ndani. Alitoka amemkumbatia mkewe, nguo za mkewe zinawaka, na yeye anazizima kwa viganja, anapiga, anapiga, mpaka ngozi ya viganja ikabaki kwenye nguo. Sauti aliyoitoa Rehema siwezi kuiandika. Alikufa siku ya pili hospitalini.

Walikuja mabwana wawili na faili, wakauliza watu maswali siku nzima, wakaondoka. Taarifa ilipofika ilisema lilikuwa kosa la uchapaji. Mwanaisha akafukuzwa kazi. Tobia alihamishiwa kata nyingine na kalamu zake. Shamba la bondeni likaingizwa katika shamba la kijiji, kwa kuwa mwenyewe hana mikono ya kulilimia, na msimamizi wa shamba la kijiji akawa Salimu. Mpaka leo nikipita pale natema mate.

Bakari alihamia kwa dada yake. Viganja vilipona vimekunjana kama makucha ya kuku, havifunguki. Hakuwa anajua lolote kuhusu nukta. Aliamini Salimu aliongeza jina lake, na kwamba hilo kosa la uchapaji ni uongo wa kumlinda. Mwanaisha alimlisha, alimwogesha, alimfunga vifungo vya shati siku arobaini, na kila siku alimsikia akimlaani Salimu.

Siku ya arobaini ya Rehema, baada ya dua, watu walipokwisha kula na kuondoka, tulibaki watatu uani. Bakari alikuwa hajala. Akasema tena, "Salimu na kizazi chake, Mungu awaone, waliandika jina langu."

"Hawakuandika," Mwanaisha akasema.

"Nini?"

"Jina lako halikuwamo. Mwisho wa orodha palikuwa na mistari mitatu mitupu. Nilijaza nukta ili Salimu asikuingize. Nilijaza kwa weusi. Tobia alihesabu nukta zangu, Bakari. Akazidhani watu."

Bakari alinigeukia. "Danieli, mghoshi, mwanamume mwenzangu, wewe ulikuwapo. Ni kweli?"

Hapo ndipo ningesema na langu. Ningesema nilikuwa begani kwa Tobia, nilikiona kidole, nilijua, nikanyamaza. Mwanaisha mwenyewe alikuwa halijui hilo.

"Ni kweli," nikasema.

Bakari akaibana fimbo ya marehemu baba yao kati ya viganja vyake, akainuka. Mwanaisha hakurudi nyuma. Alivua mtandio, akainamisha kichwa. Bakari alinyanyua fimbo, nikafumba macho. Nilisikia inaanguka chini.

Viganja havikuweza kuishika. Mwanaisha akainama, akaiokota, akampachika tena, akamkaza vidole vyake vilivyokunjana kuizunguka, kisha akainamisha kichwa upya. Bakari akainyanyua, ikaponyoka. Mwanaisha aliiokota tena, akampa tena. Mara hii ilimgusa bega kidogo, haikutosha kumuumiza hata kuku. Bakari alianza kulia kwa hasira, kamasi zinamtoka, na hawezi kujipangusa.

Mwanaisha akampangusa kwa ncha ya mtandio.

Kisha Bakari akaisukuma ile fimbo kwa mguu, akakaa mkekani.

"Nilishe," akamwambia dada yake. "Tangu asubuhi sijala."

Mwanaisha alimega bada, ule ugali wa muhogo, akachovya kwenye mchuzi, akampelekea mdomoni. Bakari alifungua kinywa akala, macho yake yakiwa kwangu.